Chaji ya Mauti Kwihara

Pikipiki ya umeme haina mlio. Ndiyo maana Adelina Irankunda nusura ampoteze mhalifu Valentino mtaani Cheyo, jua likiwaka, alipochomoka nayo katikati ya bajaji mbili na kushika njia ya Kwihara.

Adelina akakanyaga mafuta. Land Cruiser ikanguruma.

"Tai Mmoja, uko wapi?" Ilikuwa sauti ya Mzee Twalibu, mkuu wake wa idara ya upelelezi, redioni.

"Nyuma yake, mzee. Anaelekea kituo kipya cha kuchaji."

"Namtaka hai. Bila yeye hatutawajua wanaomtuma."

Adelina akaigusa bastola kiunoni.

Wanaomtuma walikuwa wafanya magendo ya petroli ng'ambo ya mpaka. Kila kituo cha kuchaji magari kilipofunguliwa, biashara yao ilidorora. Wakaamua kuwatia watu hofu. Kule Sikonge, Valentino alificha kifaa ndani ya mtambo wa kuchaji. Alipobonyeza rimoti, umeme ukafurika kwenye betri ya basi. Adelina akamkimbiza Valentino porini. Emilian, mwenzake wa kazi, akabaki kuchomoa waya.

Valentino alitoroka.

Emilian aliungua hadi kufa.

Tangu hapo Adelina alikuwa akimwona. Kwenye kioo cha gari. Kwenye foleni ya benki. Sasa alikuwa amekaa kiti cha pembeni, shati limegandana na ngozi, akimtazama.

"Usinitazame hivyo," Adelina alimwambia.

"Uko na nani?" redio iliuliza.

"Sina mtu, mzee."

Kituo kilikuwa kando ya njia ya zamani ya misafara, walikopita wapagazi na pembe za ndovu mabegani, wengi wao wasirudi makwao. Basi la umeme lilikuwa limechomekwa. Ndani, kwaya ya Kimoraviani ilikuwa ikifanya mazoezi, madirisha yamefungwa.

Valentino alisimama mbali, kwenye miti ya miombo. Mkono mmoja mfukoni. Mwingine umeinua simu, anarekodi.

Adelina akashuka, akachomoa Beretta. Akamlenga kifuani. Risasi moja ingetosha.

Taa ya mtambo ikageuka nyekundu. Harufu ya plastiki ikamjia.

Ameshabonyeza.

Adelina akamwacha, akakimbilia basi. Akapiga kitufe cha dharura. Hakikufanya kitu. Akaushika waya, ukambabua viganja.

"Teremkeni! Wote!"

"Mwanangu, mlango haufunguki!" mama mmoja alipiga kelele ndani.

Adelina akatazama juu. Nguzo. Transfoma. Fyuzi tatu.

Akafyatua. Ya kwanza ikapasuka. Ya pili. Ya tatu akaikosa.

"Taratibu, Ade," Emilian alisema sikioni mwake.

Akafyatua tena.

Cheche. Kisha kituo kizima kikazimika. Moshi ukatoka chini ya basi, lakini moto haukuwaka. Akavunja dirisha kwa kitako cha bastola, na wanakwaya wakaanza kuruka nje, wengine wakilia, wengine bado wameshika vitabu vya nyimbo.

Valentino alikuwa akipanda pikipiki. Risasi ya Adelina ikapasua tairi la nyuma. Alipojaribu kuinuka vumbini, mdomo wa Beretta ulikuwa kwenye paji la uso wake.

"Sikonge pia nilitega simu irekodi," Valentino alisema, akihema. "Video yake nimeihifadhi humu kwenye simu. Mwenzako alikuwa akikuita jina. Mpaka mwisho."

Kidole cha Adelina kilikaza kwenye kifyatulio.

Kikakaza.

Kikalegea. Akamfunga pingu.

Mzee Twalibu alifika na askari, akamkuta amekaa juu ya boneti, viganja vimevimba, simu ya Valentino mapajani.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba." Mzee aliitazama ile simu. "Namba zao zimo?"

"Zimo. Na video ya Sikonge."

"Umeitazama?"

Adelina akamkabidhi simu, akachomeka bastola kiunoni.

"Ya nini, mzee? Namsikia kila siku."

Akaliacha gari pale pale. Akashika ile njia ya misafara kurudi mjini kwa miguu, peke yake, akitembea upande mmoja wa barabara kama anayempa mtu nafasi kando yake.