Nta Mrijani

Mfuko wa nyongo ulinuka mshumaa uliozimwa. Herminda aliuinamia, akaunusa tena.

Hospitalini walikuwa wamemtoboa mumewe, Eliseo, ubavuni, wakapenyeza mrija mwembamba hadi ndani ya ini, wa kutolea nyongo kwenye mfuko ulioning'inia nje, kwa kuwa njia ya nyongo ilikuwa imeziba na mwili wote umekuwa manjano. Mpaka jana nyongo ilitoka vizuri. Leo mrijani mlikuwa na kitu cheupe, kigumu kama nta.

"Wifi, unamkamua kaka yangu mishumaa?" Nolfa alitania. Kisha akauona uso wa Herminda. "Jana ulikwenda wapi?"

"Kwa Orfelina. Kumwombea Eliseo."

Kila mtu alikwenda pale kwenye kona ya barabara, kwenye kibanda cha roho ya Orfelina, binti aliyegongwa na gari. Unawasha mshumaa, unaomba, unapewa. Lakini Herminda ndiye aliyekuwa amekaa kando ya Eliseo ndani ya lori lililomgonga, na hawakusema kamwe. Sasa aliinamisha kichwa, akamwambia wifi yake yote.

"We Herminda! Ukaenda kumwomba yeye?"

Jioni kukaanza mkwaruzo wa kucha ndani ya mfuko, ukapanda mrijani, ukaingia chini ya bandeji, na Eliseo akawa ananong'ona kwamba kuna mtoto amejikunja ubavuni mwake, ana baridi, nguo zimelowa mvua, na kila akimsihi ashuke anazidi kujisogeza ndani.

Nolfa akamleta machi, mganga wa kike wa kabila la Wamapuche. Mama huyo aliutazama mkojo wa mgonjwa kwenye chupa, ngoma yake hata asiiguse.

"Mtoto huyu hakuvamia. Umemwita mwenyewe. Mlete mama yake, umwambie mlichomficha. Usipofanya hivyo, mumeo haponi."

Mama Zunilda, mzazi wa Orfelina, alikuja na shali yake nyeusi. Herminda alisema akitazama sakafu, uso ukimwaka kwa aibu, na kadiri alivyosema nta ililainika, hata nyongo ikaanza kudondoka, ya kijani, safi. Eliseo akapata usingizi.

Mama Zunilda alimgeukia Herminda.

"Nambie kitu kimoja tu, binti. Mwanangu aliteseka?"

"Hapana, mama. Alikufa papo hapo."

Matone yakakoma.

Midomo ya Eliseo ilikuwa imefumbwa. Sauti ilitoka chini ya bandeji, ndogo, ya mtoto mwenye adabu:

"Mama, niliwaita wakiondoka."