Uso wa Namba Kumi na Moja

Wasomaji wenzangu, nina miaka sitini na tatu. Shule niliacha mwaka wa tatu wa primere, nikabeba magunia kwenye bandari ya Kalemie mpaka mugongo ukakataa. Sale yangu ya michezo, chumba cha televisheni na mashine za kuchezea, hakuna muntu alinipa. Niliijenga miye mwenyewe.

Muchezo wetu wa mashine ni wa mupira, wa zamani. Wachezaji walio ndani yake wote wamekuwa wazee kama miye. Lakini kuna programu ambazo wapenzi wake wanatengeneza na kugawa bure: unabadilisha majina, nguo, hata sura. Nilijifunza kwa kidole kimoja, nikaingiza timu yote ya mutaa wetu. Namba kumi na moja nikaweka Musafiri, mutoto wangu... Homa ilimuchukua akiwa na miaka ishirini. Sura yake niliitoa kwenye picha yake ya mwisho, kabla maji ya ziwa iingie nyumbani na kuiharibu. Kila siku nilimuona mutoto wangu anakimbia. Munajua hiyo ni kitu gani kwa baba?

Kilolo, rafiki yangu wa bandari, nilimufundisha kazi ile. Akanakili yote kwenye kle yake, ile flashi ya kuhifadhia, akafungua sale yake ng'ambo ya barabara. Hiyo ningevumilia. Lakini siku moja nilichungulia mule... Sura ni ya Musafiri, jina chini yake KILOLO.

Nilimuuliza. Akasema, "Mukubwa, marehemu hana kazi na jina. Wateja wanapenda kuona mwenye sale anafunga."

Nikaenda kumutengenezea dawa yake.

Nilichukua namba kumi na moja, nikabandika sura ya Kilolo mwenyewe, na tumbo lake. Mbio nikashusha mpaka chini kabisa. Nikahifadhi. Nikatangaza kwamba nina timu mupya, nikaacha kle juu ya meza saa anapita kunisalimia. Aliiba, kama nilivyojua.

Jumapili akafanya mashindano mbele ya mutaa muzima. Kilolo wa televisheni akapokea mupira, akatembea kama bata aliyeshiba.

"Papa Kilolo, kimbia basi!"

"Mumuletee kiti, amechoka!"

Akazima mashine. Miye nilikuwa mulangoni, nakula karanga. Sikuficha meno.

Nikarudi kwangu kumurudisha Musafiri mahali pake. Nikatafuta... nikatafuta tena. Timu mupya nilikuwa nimeihifadhi juu ya ile ya zamani. Kopi ingine haikuwako.

Nilivuka barabara. Miye, kwenda kwa Kilolo! Nikamuomba ile timu aliyonakili kwanza, yenye sura ya Musafiri.

Hakucheka. "Mukubwa, hii ya sasa niliiweka juu ya ile. Ya kwanza ilifutika."

Musafiri alifutwa, na kidole kilichomufuta ni hiki changu.

Sijamusamehe Kilolo, nisiwadanganye. Nikimuona barabarani natema mate. Lakini ninyi wenye hasira, nawaomba: mbele ya kulipiza, muweke kwanza mahali salama kile munachopigania. Kwenye mashine yangu namba kumi na moja mpaka leo ni yule mwizi, anatembea. Nikimutoa, nitaweka sura gani?