Kaseti Aliyoifuta Adeline

Haya yalimpata rafiki yangu Adeline, mtengenezaji wa filamu, mwaka 1998, wanajeshi walipokuwa wakisaka watu wa kabila moja Kisangani, wakiwatambua kwa umbo la pua. Filamu yake ilikuwa nyuso tu, kila mtu akitaja jina lake, la baba yake na mahali alipozaliwa. Uso wa mwisho ulikuwa wake mwenyewe.

Asubuhi moja alivuka mto kwa pirogi, mtumbwi wa mti, kutoka Lubunga kwenda kununua betri za kamera. Kwenye kizuizi cha askari bandarini alimkuta jirani yake Prudence, muuza vitenge na mmoja wa nyuso za filamu yake, amepigishwa magoti.

"Adeline, ubaambie," Prudence alisema. "Mimi ni mutu wa Butembo, siko wa ile kabila."

Askari akageuka. "Mama, unamujua huyu?"

Adeline aliiona damu kwenye buti za askari. "Hapana, mukubwa. Simujui."

Prudence alimtazama Adeline hadi askari walipomburuta nyuma ya ghala. Bunduki ikalia mara moja.

Adeline alinunua betri zake, akarudi nyumbani, akafunga madirisha. Akiwa gizani alimfuta Prudence kwenye kaseti ya filamu, askari wasije wakaiona na kugundua kwamba alimjua. Kisha akairudisha mwanzo na kuitazama, ahakikishe.

Uso wa kwanza ulikuwa wa mzee mvuvi; alifungua kinywa, ikatoka sauti ya Prudence. Mtoto naye, sauti ile ile. Wote.

Mwishoni ukaja uso wake mwenyewe. Midomo ilikuwa yake, lakini sauti ya Prudence ikataja jina la Adeline, la baba yake, na nyumba anamoishi, polepole, kama mtu anayemwelekeza askari njia.