Barua ya Kuvunja Mkataba wa Wodi

Kila asubuhi, kabla ya mafundi kufika, Pimamaji alizunguka jengo akipapasa kuta kwa kiganja. Jina hilo, la kifaa cha kupimia unyoofu wa ukuta, alipewa na mafundi wenzake, maana hakuvumilia ukuta uliopinda hata kidogo. Safari hii alikuwa akiijengea halmashauri wodi ya wazazi, na kuta zilikuwa zimefika kwenye linta, juu ya milango na madirisha.

Jumatatu moja alikuta geti la saiti lina kufuli jipya. Mlinzi alimpa barua bila kumtazama usoni. Halmashauri ilikuwa imevunja mkataba. Ilisema amechelewesha kazi kwa uzembe.

Aliisoma mara tatu. Kisha akaipeleka nyumbani. Mkewe akaisoma pia. Wote wawili walijua kwamba mjenzi mwenye barua ya namna ile hapewi tena kazi ya umma.

Ndipo akamkumbuka shemeji yake. Halmashauri hiyohiyo iliwahi kumfutia leseni ya mgahawa bila kumsikiliza. Shemeji alikwenda mahakamani kuomba mapitio, yaani jaji aukague uamuzi huo, na jaji akaifuta barua ya halmashauri. Pimamaji akaazima karatasi zake. Siku tisa nzima alizinakili kwa mwandiko wa kupendeza. Palipoandikwa leseni akaandika mkataba. Palipoandikwa mgahawa akaandika wodi.

Kesho yake, kabla hajazipeleka, mkewe alimwita jirani yao, mama aliyefanya kazi masjala ya mahakama. Jirani alizisoma zote, akavua miwani.

"Fundi, hii dawa ni ya mgonjwa mwingine."

"Halmashauri si ileile, dada?"

"Ni ileile, ila hapa haikusimama mahali palepale. Kwenye leseni ilikuwa mtawala. Ilitumia nguvu iliyopewa na sheria, na jaji akaangalia kama iliitumia kwa haki. Kwako ni mwenye kazi aliyeweka sahihi, kama mimi nikikuita unijengee choo. Ugomvi wa mkataba una njia yake."

"Kwa hiyo wavunje tu, nikae kimya?"

"Nimesema umekosea mlango. Sikusema urudi kulala. Ukiingia huu, miezi itapita, halafu jaji akwambie ulikuwa na njia nyingine hukuifuata. Mkataba uko wapi?"

Ulikuwa ndani ya sanduku la nguo. Pimamaji aliona haya kukiri kwamba hakuwahi kusoma zaidi ya ukurasa wa sahihi. Jirani alitafuta kifungu cha migogoro, akamsomea polepole. Anayelalamika aandike barua ndani ya siku kumi na nne tangu mgogoro utokee. Kisha shauri liende kwa mwamuzi aliyekubaliwa na pande zote mbili. Zilibaki siku nne.

"Na tisa nimezimaliza kwa kunakili," Pimamaji alisema.

"Mwandiko lakini mzuri," mkewe akasema.

Jirani alicheka kidogo, kisha akaeleza kwamba mikataba haifanani. Ule usiotaja mwamuzi, mtu hufungua kesi ya kawaida ya madai. Ndiyo maana kwanza husomwa mkataba, na wakili akautazama. Kisha akauliza kazi ilichelewa kwa nini. Pimamaji alisema halmashauri ilibadili ramani mara mbili, ikasimamisha kazi wiki saba. Akaulizwa kama ana maandishi. Akaleta daftari la saiti, alimoandika kila siku, na barua za mhandisi wa halmashauri.

Wakapeleka vyote kwa wakili, na siku ya kumi na tatu barua yake ikapokelewa halmashauri na kugongwa muhuri.

Mwamuzi aliwaketisha wote katika chumba kimoja. Alimuuliza mhandisi wa halmashauri ni nani aliyesimamisha kazi zile wiki saba. Mhandisi alilifunua daftari mpaka kwenye wiki zile.

"Ni sisi," akasema.

Uamuzi ulitoka mwezi wa nne tangu barua ile. Mkataba ulivunjwa kimakosa. Halmashauri ikakubali Pimamaji arudi kuimalizia wodi.

Siku ya kurudi aliwakusanya mafundi, akawasomea uamuzi kwa sauti, taratibu, mpaka mahali palipoandikwa kwamba mjenzi hakuwa mzembe. Kisha akakunja karatasi, akaomba ngazi.