Sauti Kando ya Kaburi la Okedi

Kila asubuhi kabla ya kwenda shule, Amuron alifagia ua, akachota maji kisimani na kujaza ndoo ya choo. Kwao kulikuwa Moding, na baba yake, Odeke, alikuwa wakala wa forodha kule mpakani Malaba.

Choo kile cha kumwaga maji kilikuwa kipya. Mwaka uliotangulia, 1994, mvua ilifurisha choo cha shimo, na mdogo wake Amuron, Okedi, akaharisha hadi akafa. Walimzika nyuma ya nyumba, karibu na ukuta. Hapo ndipo Baba alipoapa kujenga choo bora.

Lakini choo hicho kilikuwa na sauti. Mtu alipomwaga maji, ardhi kando ya kaburi iliguna, "Goloo... goloo," kama mtoto anayetaka kusema huku kinywa kimejaa uji.

"Ni Okedi," Amuron alimnong'onezea nyanya yake. "Anatuita."

Nyanya hakumcheka. Alimfunika kwa leso yake, akasema, "Akituita, basi tutamsikiliza pamoja."

Siku chache baadaye, Emukule, kitinda mimba aliyekuwa akijifunza kutambaa, alikutwa kando ya kaburi akichezea udongo uliolowa na kunuka. Jioni hiyo akaanza kuharisha. Mama alimbeba mbio hadi zahanati. Amuron alibaki mlangoni akiwatazama. Hivi ndivyo ilivyoanza kwa Okedi.

"Njoo tumsikilize, mjukuu wangu," Nyanya akamwita Amuron kwa upole. "Mwaga chooni kikombe kimoja tu cha maji."

Amuron akamwaga. Kimya.

"Sasa ndoo nzima."

"Goloo... goloo!" Ardhi ikaguna, na maji machafu yakachuruzika kando ya kaburi.

Amuron akatazama ndoo, kisha kaburi. "Nyanya, kumbe sauti inafuata maji!"

Baba aliporudi kutoka kazini kupitia zahanati, akiwa na habari kwamba Emukule anapewa dawa, Amuron alimweleza yote. Baba akaketi chini.

"Fundi Mulama, aliyetujengea choo, aliniambia ninunue paipu ya inchi nne," alisema polepole. "Nikanunua ya inchi mbili, nikailaza mwenyewe. Ile nene ilihitaji mtaro mpana, na hapo katikati ya ukuta na kaburi ni pembamba. Sikutaka jembe limguse tena mtoto wangu."

Hakuna aliyemlaumu. Nyanya alimletea maji ya kunywa.

Kesho yake fundi Mulama alifukua lile bomba jembamba. Lilikuwa limeziba, na kwenye kiungo limeachia.

"Mzee, hii ni ya maji ya kuoga," alisema. "Uchafu wa choo unataka inchi nne, na mteremko wa taratibu. Ukiubana, maji na hewa vinapigania njia. Hiyo ndiyo kelele mliyosikia."

"Lakini kaburi?" Baba akauliza.

"Pitisheni upande wa shamba langu," Nyanya akasema. Akang'oa mwenyewe mihogo yake ili mtaro upite mbali na kaburi na mbali na kisima. Amuron akamsaidia. Shimo jipya la uchafu likachimbwa mwisho wa shamba.

Emukule alirudi nyumbani akiwa mnyonge, lakini akicheka. Amuron akamwaga ndoo nzima chooni. Maji yakaenda kimya kimya.

Amuron akasubiri, akasubiri tena. Kisha akaanza kulia, kwa maana sasa alijua kwamba Okedi hakuwa akiita.

Nyanya akamkumbatia. "Lia tu, mjukuu wangu. Baba yako alimpenda Okedi, lakini penzi peke yake halikuweza kupitisha uchafu katika paipu nyembamba. Ukimpenda mtu, mfanyie jambo kama linavyotakiwa kufanywa, hata likikuuma. Waliolala tutawakumbuka. Walio hai tuwalinde."

Amuron akajifuta machozi, akanawa mikono kwa sabuni, kisha akaenda kumbeba Emukule.