Kokwa ya Ukwaju

"Tulia, Kanze, itakuingia machoni," alisema shangazi Pamela, vidole vimejaa krimu.

Kanze aliudaka mkono wake kabla haujafika shavuni. Harusi ilikuwa Jumamosi, na kopo hilo la kujichubua lililetwa asubuhi na Janet, dada yake bwana harusi.

"Shangazi, ni kweli Kambi ndiye aliyeagiza?"

"Janet kasema kaka yake hataki kuchekwa kwenye picha. Vumilia, mwanangu."

Shuleni walimwita makaa, akazoea. Lakini hili lilimchoma moyo, maana lilitoka kwa mtu aliyempenda. Akachukua simu, akaandika: "Kama wanitaka mweupe, katafute aliyezaliwa hivyo. Harusi hakuna."

Simu ikaita, ikaita. Hakupokea. Mvua ilipita juu ya kijiji cha Kakuyuni, ikaacha harufu ya udongo na asumini, na Kanze akalia mpaka usingizi ukamchukua.

Alizinduliwa na sauti dirishani.

"Hodi! Shikamoo, shangazi."

"Marahaba, na uishie hapo hapo! Bibi harusi haonwi kabla ya siku yake."

"Simuoni, shangazi, nimegeuka. Kanze, nipe mkono."

Alisita. Kisha akaupenyeza mkono kwenye pazia. Kitu kidogo, laini, kikatua kiganjani: kokwa ya ukwaju, imesuguliwa mpaka inang'aa.

"Nimezunguka nayo Malindi yote," alisema Kambi. "Kila duka la vitambaa nawaambia, nitoleeni rangi ya gauni itakayopendeza na hii. Wananicheka. Mwenye duka mmoja, Pritesh, akanitandikia manjano moja, nikaiweka kokwa juu yake, nikakuona wewe, mzima mzima. Nilisimama pale kama niliyeota."

"Na Janet?"

"Sikumtuma. Nimemuuliza, akalia. Yeye mwenyewe alichubuliwa alipoolewa, akadhani ndiyo heshima ya bibi harusi. Kanze, ukijipaka kitu kile, mimi nitamuoa nani?"

Kanze aliibana kokwa kifuani, akacheka huku machozi yanamtoka.

Shangazi Pamela alilifunika kopo, akalipeleka mwenyewe kwenye shimo la taka.

"Haya, nenda zako, wewe! Utaniliza na mimi."

Jumamosi, gauni la manjano likining'inia mlangoni, mpambaji alifungua sanduku lake la poda.

"Bibi harusi, nikupake rangi gani?"

Kanze akafungua kiganja.

"Hii."