Ubao wa Ghorofa ya Tatu

"Sindano, sabuni imekwisha."

Redio iliyofichwa ndani ya mpini wa ufagio ilisema maneno hayo mara moja, ikanyamaza.

Sindano aliendelea kupiga deki. Alikuwa jasusi wa Idara ya usalama kwa miaka kumi na mmoja, na mfagiaji wa jengo hili kwa siku arobaini. Sabuni imekwisha maana yake ni leo. Saa nne kamili asubuhi, daraja kubwa la mji litafutwa, pamoja na wote watakaokuwa juu yake wakienda kwenye shughuli zao.

Alibonyeza kitufe cha mpini. "Na mdogo wangu?"

"Tulishaliongea hilo," alijibu mkuu wake.

"Tuliongee tena."

Mkuu alishusha sauti.

"Ukifanya tulivyopanga, huenda akapona. Sina uhakika, mwanangu. Ikishindikana, unajua agizo."

Alilijua. Mpige risasi mfutaji.

Mlango wa ghorofa ya tatu ulikuwa na kibao: Mafunzo ya Uchoraji Ramani. Uongo mtupu. Humo ndimo kilimojificha Chuo cha Ufutaji, uchawi uliopigwa marufuku tangu ulipofuta mji mzima, watu na mbwa wao.

Kazi yenyewe ilikuwa nyepesi, na hapo ndipo palipotisha. Mwanafunzi alichukua vumbi la kitu, akalikanda kwa chokaa, akapata chaki. Akakichora kitu hicho kwenye ubao wa jiwe jeusi. Akafuta kwa kiganja. Kitu kikaisha, popote kilipo. Mchoro ulikuwa wa kumtuliza mchoraji tu. Kilichoamua ni vumbi.

Ubao nao haukufanya kazi bure. Kila ulipofutwa, ulimtoa mfutaji mtu mmoja wa damu yake kichwani.

Kitinda, mdogo wake Sindano, alikuwa amefuta mara tatu. Mara ya kwanza akamsahau baba. Ya pili, mama. Ya tatu Sindano aliijua siku ile aliyoingia na ndoo, wakakutana uso kwa uso mlangoni.

"Mama mfagiaji, angalia viatu vyangu," Kitinda alisema, akapita.

Basi, hivyo tu. Mtoto aliyembeba mgongoni na kumfundisha kufunga kamba za viatu hivyohivyo. Siku ile Sindano alilia stoo, kitambaa cha deki mdomoni asisikike.

Leo mfutaji ni Kitinda tena. Hakubaki na ndugu wa kutolewa; safari hii angejisahau yeye mwenyewe.

Saa tatu na dakika hamsini na mbili.

Chaki ilikuwa ikikauka dirishani, haina mlinzi. Chuo kizima kiliamini kwamba asiyefundwa akiigusa ataoza vidole. Hata walinzi wenye bastola za Karkara waliipitia mbali.

Sindano alichomoa koleo ndogo kwenye nywele zake. Akaitoa chaki ile, akaweka yake.

Kwa siku arobaini alikuwa akiuosha ubao, akayachuja maji machafu kwa leso mpaka akapata vumbi la kutosha la ubao wenyewe. Tatizo lilikuwa harufu. Mwalimu hunusa kila chaki, na ya daraja lazima inuke kutu. Basi akakwangua kutu kwenye ukingo wa ndoo yake, akachanganya.

Saa nne kasoro dakika mbili, wanafunzi sita walikaa. Mwalimu, mwenye suti ya kijivu na kucha safi kupita kiasi, aliinusa chaki. Akainusa tena. Akamgeukia Sindano.

"Mama, mbona bado upo?"

"Namalizia pembeni, Mwalimu. Jana si ulinisema kwa ajili ya pembe hizi hizi?"

Darasa likacheka. Mwalimu naye akatabasamu, akampa Kitinda chaki.

Kitinda alichora daraja. Alichora vizuri, nguzo kwa nguzo. Sindano akaingiza mkono ndani ya aproni, akaishika Karkara yake.

"Futa, mwanangu," Mwalimu alisema.

Kiganja kikapita.

Ndoo ndiyo iliyotangulia. Ilitoweka miguuni mwa Sindano, maji yakasimama wima kwa kufumba na kufumbua, kisha yakatapakaa sakafuni.

Halafu ubao. Ulipasuka kuanzia katikati, ukawa majivu, ukamiminika chini hadi ukuta ukabaki mtupu.

Mwalimu aliyatazama maji. Akamtazama mwenye maji. Mkono wake ukakimbilia mfukoni.

"Usithubutu," Sindano alisema, bastola imemwelekea kifuani. "Sakafu imelowa. Utateleza."

Buti za askari wa Idara zilikuwa tayari zinapanda ngazi.

"Daraja?" redio iliuliza.

Sindano alichungulia dirishani. "Limesimama. Foleni kama kawaida."

"Na mdogo wako?"

Askari walipokwisha kumfunga pingu Mwalimu na walinzi wake, Sindano alimwendea Kitinda, aliyekuwa amesimama akikodolea macho kiganja chake.

"Unaitwa nani?"

Msichana alikifunga kiganja, akakifungua, kana kwamba jina limeandikwa humo.

"Kitinda," alisema hatimaye. "Naitwa Kitinda. Na wewe si yule mama wa deki?"

Sindano alishusha pumzi aliyoibana siku arobaini; ubao uliisha kabla haujadai malipo yake.

"Mimi ni dada yako."

"Sikukumbuki."

"Najua. Nitakuhadithia njiani. Mengi ni ya kukuaibisha."

Akaegemeza ufagio ukutani, redio ingali inaita, akamshika mkono.

"Angalia viatu vyako," alimwambia. "Pana maji."